Hivi ni kweli "Marie-Louise" ya Wendo Kolosoy ilikuwa inafufua wafu?

#1 Mjukuu wa Reli

Wakuu, salaam. Juzi tulikuwa Kigoma kwenye arobaini ya baba mkwe. Katika kupanga vitu vyake tukakuta sanduku la bati chini ya kitanda, ndani santuri kumi na moja za mizunguko 78, zile nzito zinazovunjika kama sahani ya udongo. Moja ina lebo ya Ngoma na jina la Wendo. Ina ufa umeanzia ukingoni, bahati haujafika katikati.

Nikaanza kuifuta vumbi. Mama mkwe akaniambia, "Hiyo sikiliza mchana, baba. Usiku wa manane hiyo haipigwi." Nikauliza kwa nini. Ati ikipigwa saa sita za usiku wafu wanaamka. Na hakuwa anacheka.

Ninachojua mimi ni kidogo: Wendo ndiye baba wa rumba ya Kongo, alitamba mwishoni mwa miaka ya 40, akanyamaza kama redio iliyoishiwa betri, akarudi akiwa mzee, akafa 2005. Sasa hili la wafu lilitoka wapi? Na miaka yote ile ya katikati alikuwa wapi?

#2 Kahawa Chungu

Nimeweka mkeka. Wazee wa santuri mnaitwa huku.

#3 BabuSanturi

Poleni kwa msiba, Mjukuu.

Kwanza nikurekebishe, hakufa 2005. Alifariki Kinshasa tarehe 28 Julai 2008, ana miaka 83. Alizaliwa 25 Aprili 1925 Mushie, kule Mai-Ndombe, kwenye mito. Jina lake Antoine Kolosoy. Baba alikufa yeye akiwa mdogo, mama naye akafuata miaka michache baadaye, na huyo mama alikuwa mwimbaji. Mtoto akalelewa na mapadri kwenye kituo cha yatima. Gitaa alilishika akiwa na miaka kama 11. Mapadri hawakupenda alichokuwa anaimba, wakamtoa.

Hapo ndipo mto ukamchukua. Akafanya kazi kwenye meli za mto Kongo, gitaa begani. Kutoka Léopoldville (Kinshasa ya leo) hadi Stanleyville (Kisangani) ni karibu kilomita 1,700 za maji, na kila gati lina watu wanaosubiri meli na hawana la kufanya. Hebu fikiria mwimbaji anayepita hapo kila safari. Kabla ya redio kumjua, magati yalishamjua. Katikati ya hayo akapigana ndondi pia, ngumi zikamfikisha Cameroon na Senegal.

1943 akaunda kundi lake Léopoldville, Victoria Kin, lililokuja kujulikana kama Victoria Bakolo Miziki. Kisha 1948 ndiyo ikaja "Marie-Louise", yeye na Henri Bowane kwenye gitaa, lebo ya Ngoma ya Mgiriki Nicolas Jeronimidis. Ya wafu nitarudi baadaye, mjukuu wangu ananidai simu yake.

#4 Mtu wa River Road

Mzee BabuSanturi asante. Niulize tu kitu kidogo. Huku kwetu "wendo" kwa Kikuyu ni upendo. Jamaa alikuwa na mama kutoka Murang'a ama? 😂

#5 BabuSanturi

Hahaha. Hapana. Ni Windsor. Mfalme wa Uingereza aliyeacha kiti 1936 akawa Duke wa Windsor, watu wa Léopoldville wakalitafuna jina likawa "Wendo Sor". Ndiyo maana kwenye maandishi ya zamani utaona Wendo Sor, Wendosor, yote ni yeye. "Sor" ikadondoka njiani.

#6 Mtu wa River Road

Mfalme aliyeacha kiti kwa ajili ya mwanamke. Basi si mbali na upendo. Nimeshinda kesi.

#7 Mwana Odemba

Mnampa mtu sifa zisizo zake. Baba wa rumba ni Franco Luambo Makiadi, mwisho wa habari. Wendo ni wimbo mmoja tu.

#8 Nyuzi Sita

Mwana Odemba alisema: *Wendo ni wimbo mmoja tu.*

Franco kazaliwa Julai 1938. Wimbo huo "mmoja tu" unatoka alikuwa na miaka kumi, anamsaidia mama yake sokoni. Karekodi kwa mara ya kwanza 1953 kule studio ya Loningisa ya Papadimitriou, na unajua alimkuta nani pale? Henri Bowane, yule yule wa "Marie-Louise", alishahama Ngoma. Bendi yake ya OK Jazz ni Juni 1956. Mimi nampenda Franco kuliko ninavyompenda shemeji yangu, lakini huwezi kuwa baba wa mtu aliyekutangulia kuota ndevu.

#9 Mwana Odemba

Shemeji yako ana kesi gani sasa 😂. Haya, tuseme Franco ni mfalme, Wendo ni babu. Sirudi nyuma zaidi ya hapo.

#10 Wa Bukavu

Wandugu, mie niko Bukavu, munisamehe Kiswahili yangu. Huku mutu akiongea kitu ya zamani sana, bazee banasema kwa Lingala "tango ya ba Wendo". Ni wakati wa kina Wendo. Kama vile nyinyi munasema zilipendwa. Sijui mwanamuziki mwingine mwenye jina lake limekuwa jina la wakati.

Juu ya wafu: bibi yangu alikuwa Stanleyville wakati ule. Yeye anasema hakuna maiti iliamka. Ni hivi. Kwa matanga, mwili uko ndani, watu wako inje wanakesha. Saa sita usiku usingizi unawashika, moto unazimika, wazee wanalala kwenye viti kama wafu. Mutu anaweka ile sahani. Wote wanasimama, wanacheza mpaka asubui. Sasa njo banasema wimbo inaamusha bafu. Ilikuwa mzaha ya matanga, kisha ikapata miguu.

#11 Shangazi wa Ujiji

Kumbe matanga ni matanga hata kwa Lingala! Wa Bukavu umenifundisha. Hata sisi zamani matanga yalikesha na ngoma, siku hizi ni spika ya bluetooth na wali.

#12 Mkatekista Mstaafu

Mimi nawaheshimu wote, ila mnaruka jambo la wazi. Habari ile ilikuzwa na Kanisa lenyewe, nami nasema hivyo nikiwa mtu wa Kanisa. Wamisionari walisikia watu wanasimulia kwamba kuna wimbo unaofufua wafu. Kwao kufufua wafu ni kazi ya mmoja tu. Kwa hiyo hawakusema "ni uongo", walisema "ni ushetani". Padri akishasema kitu ni cha shetani, amethibitisha kwamba kina nguvu. Inasimuliwa kwamba Wendo alitengwa na Kanisa, akalazimika kuuacha mji, na Wabelgiji wakamweka ndani kwa muda kule Stanleyville. Serikali haimfungi mtu kwa wimbo mbaya. Wakulima wa Kilosa niliowafundisha katekisimu wangeniambia: kama haikuwa kweli, kwa nini walimfunga?

#13 Dalali wa Kariakoo

Ninyi wote ni watu wema. Mimi nauza vitu. Kuna kampuni mpya ya santuri imeanza mwaka ule ule wa 1948, inataka watu wanunue kinanda cha kuzungusha kwa mkono, ghali, na sahani zinazovunjika. Unawaambia "huu ni wimbo mzuri wa mapenzi"? Unawaambia usiupige usiku wa manane! Nani hatajaribu? Mimi niliwahi kuuza jiko la mkaa kwa kusema lisiwashwe Ijumaa.

#14 BabuSanturi

Dalali, kwa hesabu zako hata Nabii Musa alikuwa na duka. Jeronimidis alikuwa mfanyabiashara hodari, sikatai, lakini sijawahi kuona tangazo la Ngoma lenye maneno hayo. Hoja ya Mkatekista naiona nzito zaidi. Ila hata yeye ametuambia jinsi habari ilivyokua, hajatuambia ilizaliwa wapi. Ya Wa Bukavu angalau ina moto, viti na mahali pa kukalia.

#15 Nyuzi Sita

Naomba mniruhusu niongee kama mpiga gitaa maana hakuna aliyegusa muziki wenyewe.

Sikilizeni muundo. Wendo anaimba, sauti inaruka juu ghafla halafu inashuka, kama mtu anayeita mtumbwi kutoka ng'ambo. Nyuma yake gitaa linatulia. Halafu maneno yanakwisha na Bowane hanyamazi. Anashika mzunguko mfupi wa nyuzi, anaurudia, anaurudia, kila ukirudi unakukera kidogo mpaka mguu unajitikisa wenyewe. Hiyo ndiyo sebene ikiwa bado kinda. Dar wanamuziki wetu waliita chemko. Leo kila wimbo wa Kongo lazima uchemke, mtoto wa miaka mitano anaingoja. Lakini 1948 watu walikuwa wamezoea wimbo ukiisha umeisha.

Sasa mtu aliyekulia na ngoma za kupandisha mizimu anajua kabisa mdundo unaorudiwa bila kuchoka ni wa nini. Ni wa kuita. Ukimpigia mtu huyo sebene usiku wa manane akakwambia kuna walioitika, mimi simshangai. Si kwamba naamini. Nasema tu gitaa la Bowane lilipita kwenye njia iliyokwishachongwa.

#16 Kahawa Chungu

Dah. Nyuzi Sita umenifanya niiweke sasa hivi ofisini. Bosi kapita, kasimama mlangoni, kaondoka bila kusema kitu. Amefufuka au amekufa sijui.

#17 Chumvi ya Uvinza

Na huyo Bowane nadhani ndiye aliyekuwa naye kwenye lile kundi lao la BOW, jina lenyewe linaonyesha, BOW-ane.

#18 BabuSanturi

Chumvi, wengi huteleza hapo. Trio BOW ni herufi za majina matatu: Bukasa, Oliveira, Wendo. Yaani Léon Bukasa, Manuel d'Oliveira mwenye asili ya Angola, na Wendo mwenyewe. Hilo ni la miaka ya 50. Bowane hayumo.

#19 Chumvi ya Uvinza

Nimepokea mzee. Nilishabishana baa kwa hoja hiyo nikanunuliwa soda. Nitairudisha.

#20 Pointe-Noire hadi Pangani

Samahani kwa kuchelewa. Nimekaa Brazzaville miaka minane kikazi, na kule ukisema Wendo ndiye baba wa rumba utaachwa ulipe bili peke yako. Watakutajia Paul Kamba. Victoria Brazza yake ilikuwepo kabla ya Victoria Kin, na Wendo hakuficha kwamba alimtazama Kamba akajifunza. Hata jina Victoria ni la kuvuka mto. Kamba alikufa 1950, kwa hiyo hakubaki kujitetea kwenye redio.

Na kabla ya wote hao kulikuwa na santuri za Cuba, mfululizo wa GV, zilizoingia miaka ya 30. Vijana wa mito yote miwili... samahani, wa kingo zote mbili walizikariri bila kujua Kihispania. UNESCO nao Desemba 2021 waliiingiza rumba kwenye orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika kwa nchi zote mbili pamoja, Kongo ya Kinshasa na ya Brazzaville. Walijua wakichagua upande mmoja pangechimbika.

#21 Mwana Odemba

Na ile ya kwamba "rumba" inatokana na "nkumba", kitovu kwa Kikongo, watu kucheza kitovu kwa kitovu?

#22 Pointe-Noire hadi Pangani

Inapendwa sana kule na inasemwa hata na mawaziri. Wataalamu wa lugha hawajakubaliana. Mimi nikicheza na mke wangu siulizi.

#23 Mjukuu wa Reli

Nimesoma yote, ahsanteni, nimesahihishwa vya kutosha 😅. Lakini swali langu la pili bado liko juani. Kwa nini alinyamaza?

#24 Wa Bukavu

Lumumba. Walikuwa marafiki. Walipomuua Lumumba Januari 1961, Wendo akaweka gitaa chini. Kwetu hiyo haina mjadala.

#25 Mkatekista Mstaafu

Na angalieni walipopita. Lumumba alikuwa karani wa posta Stanleyville, mji ule ule ambao Wendo aliwekwa ndani. Baadaye Lumumba akaenda Léopoldville akawa anatangaza bia ya Polar baa kwa baa. Mwanasiasa anayeuza bia na mwanamuziki wa baa, wasingekosa kujuana.

#26 Nyuzi Sita

Sikatai uchungu. Ila tusiifanye hadithi iwe safi mno. Kufikia 1961 mji ulishabadilika. Mwimbaji Kabasele alianzisha bendi ya African Jazz 1953, ana gitaa la umeme, ana Nico wa kulipiga, ana tarumbeta, 1960 wamekwenda Brussels na kuwaimbia watu uhuru kwa cha-cha-cha. Ukisimama baada ya hao na gitaa kavu na ile sauti ya kuita mtumbwi, vijana wanakuona baba yao. Hata kama Lumumba angeishi, nadhani Wendo angekosa jukwaa. Imewatokea wengi hata huku kwetu na hakuna aliyeuawa.

#27 Dalali wa Kariakoo

Pesa jamani. Pesa. Mtu aliyeimba wimbo unaojulikana nchi nzima anaishi vipi miaka thelathini bila muziki, kama wimbo ulimlipa? Hawakumlipa cha maana. Nilikuwa na mjomba mpiga besi, bendi yake ilipigwa redioni kila Jumamosi na yeye anasikilizia kwa jirani kwa sababu hana redio. Ukichoka unakwenda kutafuta kazi nyingine, huna haja ya kumsingizia Lumumba.

#28 Wa Bukavu

Dalali, usiseme "kumsingizia". Kuna vitu havikuwa vya kuuza.

#29 Dalali wa Kariakoo

Ndugu yangu nimekosa, neno lilikuwa kali. Ila hoja ya pesa naibakiza.

#30 BabuSanturi

Mwenyewe uzeeni aliwaeleza waandishi wa habari kwamba wanasiasa walitaka wanamuziki wawaimbie sifa, naye hakutaka. Hayo ni maneno yake, myapime. Tazameni enzi za Mobutu baada ya 1965: nani aliyebaki juu bila kumtaja? Franco aliimba sifa, na Franco pia alifungwa. Hakukuwa na njia ya katikati iliyo laini. Wendo alichagua kutopita kabisa.

Lakini Nyuzi Sita naye ana haki yake. Mtu akikataa kuimba sifa na wakati huo huo hakuna anayemwita aimbe, huwezi kujua lipi lilimfungia mlango.

Kurudi kwake kulianza na albamu ya 1993, *Nani akolela Wendo?* Msomaji wa Kiswahili hahitaji mkalimani: nani atamlilia Wendo. Mtu wa miaka 68 anauliza hadharani nani atamlilia. Baada ya Mobutu kuanguka 1997 akaonekana zaidi, akazunguka Ulaya na wazee wenzake wa Victoria Bakolo Miziki, albamu zikatoka tena. Amevaa kofia, mwili mwembamba, na ile sauti ya juu bado ipo, imekwaruza kidogo.

#31 Shangazi wa Ujiji

Hilo jina la albamu limenikaa kooni.

#32 Mtu wa River Road

Kwa upande wetu tulimpata ndugu yake wa mbali, Mwenda Jean Bosco wa Katanga. "Masanga", ilirekodiwa na Hugh Tracey 1952 Jadotville, Likasi ya leo. Yeye aliimba Kiswahili, akaja mpaka Nairobi, kwa hiyo babu zetu walimjua kuliko Wendo. Vidole viwili tu vinapiga gitaa unadhani wako wawili. Buda wangu akilewa anajaribu, tunatoka nje.

#33 Nyuzi Sita

Mwenda si rumba hata hivyo, ni kidole cha Katanga. Usituanzishie uzi mwingine ndani ya uzi.

#34 Mtu wa River Road

Nimeonja tu, narudisha sufuria.

#35 Shangazi wa Ujiji

Mjukuu, umeuliza kila kitu isipokuwa santuri yenyewe ilifikaje Kigoma. Baba mkwe wako alikuwa nani kazini?

#36 Mjukuu wa Reli

Kuli bandarini, kisha reli. Upande ule wa bandari waliokuwa nao Wabelgiji, mizigo ya Kongo ikipita kutoka Albertville (Kalemie ya leo) kwa meli, inapandishwa treni hadi Dar. Mama mkwe anasema mabaharia wa Kikongo walikuwa wanalipia chakula kwa santuri. Sahani kwa sahani, kasema, wali kwa muziki.

Na nikiri jambo. Jana usiku nimeipiga. Saa sita na dakika mbili, sauti ya chini kabisa, kwenye kinanda cha kuazima. Ufa unagonga kila mzunguko, tak, tak, kama mtu anabisha hodi. Bowane alipoanza ule mzunguko wake, taa ya chumba cha pili ikawaka. Mama mkwe katoka, khanga begani. Nikajua leo nimekwisha. Akavuta kigoda akakaa. Hakusema kitu mpaka ilipofika mwisho, kisha akasema, "Geuza upande wa pili."

#37 Kahawa Chungu

😭😭

#38 Mwana Odemba

Naondoa kauli yangu ya wimbo mmoja tu. Franco bado mfalme lakini.

#39 Mkatekista Mstaafu

Upande wa pili kuna nini?

#40 Mjukuu wa Reli

Sindano imekwama katikati, mzee. Imekwisha makali. Kuna anayejua pa kupata sindano Kigoma au Dar? Fundi mmoja mjini kachukua hela wiki mbili zilizopita na simu hapokei.

#41 Dalali wa Kariakoo

Ninazo, njoo PM. Ila uniambie ni za 78, usije ukachukua za 45 ukachimba mfereji kwenye santuri ya marehemu. Na hiyo yenye ufa usiizungushe tena mpaka nikuonyeshe namna ya kuishikiza kwa nyuma.

#42 BabuSanturi

Dalali, mpe bei ya msiba.